Pete na Kikebe cha Peremende

Jumamosi, 31 Oktoba 1931

Mwandiko mbaya. Hakuna asomaye humu ila mimi, basi nijisamehe mwenyewe.

Leo nilikwenda kwa Bi. Pell, kama Jumamosi zote, moja kwa moja kutoka ofisini. Vyumba viwili pale Red Lion Square, baridi tupu, vitabu hadi ngazini. Bi. Augusta Pell ni mwandishi. Mwenyewe hujiita mtembezi. Anazunguka London nzima bila safari wala shughuli, anarudi anaandika insha, na mimi namchapia kwa taipureta, maana mwandiko wake ni kama kuku kakanyaga wino. Insha zinatoka kila mwezi kwenye jarida. Zimeshatoka mbili, moja ya soko la samaki, moja ya mafundi wa miavuli. Watu wanazipenda. Na mimi nazipenda, sikatai. Mama huyu anajua kutazama.

Ndiyo taabu yenyewe — anajua kutazama!

Insha ya leo ni ya tatu. Madaraja asubuhi. Kurasa nne nikachapa vizuri, vidole vyenyewe vinakwenda. Ukurasa wa tano nikasimama. Nainakili hapa, nimeshaijua kwa moyo:

"Anafika taa ya tatu ya daraja la waenda kwa miguu. Koti la kijivu, vifungo vyeusi, kimoja chekundu. Hageuki nyuma. Anavua glavu ya kushoto na, upesi kama mtu anayejikuna, anavua pamoja nayo ndoa yake nzima. Anaitia katika kikebe cha peremende. Halafu anamumunya peremende moja, na kabla haijayeyuka amekuwa binti tena. Jioni atapita hapa hapa kuolewa upya."

Koti la kijivu. Kifungo chekundu. Kikebe. Ni mimi. Ni mimi, Mungu wangu, ni mimi!

Bi. Pell alikuwa hatua tatu tu kutoka kwangu, anakunywa chai. Akauliza mbona nimenyamaza, kuna neno halisomeki? Nikamwambia, "Hili hapa, Bibi. Ndoa." Akacheka. Akasema hilo wengi hawalisomi.

Miezi minane nakaa mbele ya mwanamke huyu. Koti langu hulitundika chini ukumbini, hajapata kuliona. Uso wangu anauona kila wiki na hajui una nini. Alinitazama siku moja tu, darajani, ubavuni, kwenye ukungu, aliponidhania si mtu amjuaye.

Kurasa nimekuja nazo nyumbani. Nimemdanganya kwamba nitazimalizia huku. Jumanne anazitaka.


Jumapili, 1 Novemba

Sid amelala hadi saa nne. Jana alipiga piano kwenye baa mpaka walipofunga. Mume wangu alikuwa mpiga piano wa sinema, zile za kimya. Sinema zikaanza kusema, Sid akanyamazishwa. Tangu Machi hana kazi ya kudumu. Kwa hiyo tunaokula humu ndani tunakula kwa vidole vyangu kumi. Yeye, mimi, na mama yake anayekaa chumba cha chini.

Na sheria ya ofisini naijua kama sala ya Baba Yetu. Sisi wapiga chapa wa serikali ni mabinti. Binti akiolewa, kazi imekwisha. Wanakuchangia saa ya mezani, wanakula keki, wanakupa mkono, na Jumatatu kwenye taipureta yako kakaa mwingine. Nimeshakula keki za wenzangu sita. Mimi nilifunga ndoa Juni, siku ya mvua, mashahidi wawili. Ofisini sijamwambia hata paka.

Sasa mtu angeuliza, kwa nini pete usiivulie nyumbani, mjinga wee? Kwa sababu ya mama mkwe! Kwao pete ya ndoa haivuliwi ndani ya nyumba. Ikitoka kidoleni ndani, mume hutoka mlangoni. Marehemu dada yake aliivua apate kukanda unga, na mume akafa kabla mkate haujaumuka. Niambie utashindana vipi na hadithi kama hiyo. Nilijaribu kuitundika shingoni kwa uzi, Enid wa ofisini akauona uzi siku ya kwanza. Basi daraja. Darajani saa mbili asubuhi wapo watu elfu, wote wanatazama viatu vyao. Nilidhani hakuna mahali pa siri kuliko pale.

Nimekata kifungo chekundu. Nimeshona cheusi.


Jumatatu, 2 Novemba

Leo nilipita daraja la Westminster. Mzunguko, na upepo wa mto unaingia mpaka kwenye meno. Nilisimama nyuma ya nguzo nikavua pete, nikahisi macho mgongoni. Nikageuka. Askari mmoja, anapiga chafya.

Ajabu ni kwamba sasa na mimi nimeanza kutazama watu. Sikuwa hivyo. Miaka saba navuka mto huu na sijui uso wa mtu hata mmoja. Leo nimemwona mzee anayesema na barua mfukoni. Nimemwona mwanamke wa makamo ambaye, kila akikutana na kioo cha duka, anakaza mdomo. Bi. Pell anaandika kwamba raha ya kutembea mjini ni kuvua jina lako na kuwa si mtu, saa moja tu, halafu unarudi kwenye moto wako na jina lako unalikuta palepale kwenye ndoano. Inapendeza sana ukiisoma. Mimi navua jina kila asubuhi, na viatu vimelowa, na nikilikosa jioni hakuna wa kuniletea.

Ofisini, kabla hata sijakaa, Enid Sproat akapiga kelele chumba kizima. "Jamani! Kifungo chekundu kiko wapi? Ndicho tulichokuwa tukimtambulia Tranter ukungu ukiwa mzito!" Wakacheka wote ishirini. Nikasema kimepotea. Enid akasema maskini, sasa atagongwa na tramu. Halafu, kama kawaida yake, akanyoosha mkono. "Haya, Mama Peremende, toa moja."

Nikampa. Namtolea mimi kwa mkono wangu, kila siku, kikebe chini ya meza. Pete iko chini ya peremende, imefungwa kitambaa.

Bi. Gathercole alinyanyua macho kutoka mezani kwake mbele. Huyo ndiye msimamizi wetu. Miaka ishirini na tatu kazini, mgongo kama rula. Na kila insha ya Bi. Pell ikitoka, yeye hutusomea kwa sauti wakati wa chai ya saa tano. Anasema inasafisha lugha. Chumba kizima kinasikiliza, mabinti ishirini, na kila mmoja anakijua kikebe changu.


Jumanne, 3 Novemba

Nimefanya. Sijui ni dhambi ya aina gani, ila nimefanya.

Jana jioni niliuchapa ukurasa wa tano upya. Koti la kijivu likawa la buluu. Kifungo chekundu nimekifuta. Kikebe cha peremende nikakifanya mkoba mdogo wa ngozi. Maneno matatu tu. Miezi minane sijamgusia hata nukta mama yule, na yeye huniambia, Tranter wangu, wewe huongezi wala hupunguzi, wewe ni kioo.

Leo jioni nimempelekea. Nikakaa ukingoni mwa kiti. Hakusoma! Akahesabu kurasa, akazitia kwenye bahasha, akaniambia nikitoka nimpitishie posta. Nikaitumbukiza mwenyewe kwenye sanduku jekundu, nikasikia ikianguka. Nilitembea hadi nyumbani nikiimba. Nikanunua samaki wa moshi watatu. Sid akauliza tunasherehekea nini. Nikamwambia hali ya hewa.


Alhamisi, 5 Novemba

Baruti na fataki barabara nzima, watoto wanachoma sanamu ya yule mhaini wa zamani, kama kila mwaka tarehe hii. Nimemwambia Sid.

Sikukusudia. Alikuwa ananitania, mke wangu siku hizi unaruka kila fataki ikilia, una nini? Likanitoka lote. Alicheka kwanza. Nilipofika kwenye kikebe akaacha.

Hakuwa anajua ninapoiweka! Alijua navua. Hakuuliza wapi, nami sikusema. Vidole vyake vikapigapiga ukingo wa meza bila sauti, wimbo siujui. Halafu akasema, "Kwa hiyo mimi huwa humo. Na peremende za koo."

Nikamwambia usiwe mjinga, Sid.

Akasema si ujinga, anauliza tu, ya mnanaa au ya limau?

Alitaka nicheke na nilicheka. Nampenda mtu huyu. Ningetaka nimtaje jina lake mara moja tu mchana, mbele ya watu.


Jumamosi, 7 Novemba

Yamemwagika.

Nilipoingia tu nikaona karatasi za kusahihisha kutoka kiwanda kinachochapa jarida, zimetandazwa mezani, na Bi. Pell kaziinamia na penseli ya buluu, mashavu mekundu.

"Nani," akasema, "nani amenivisha mwanamke wangu koti la buluu?"

Nikasema labda macho yangu, Bibi, taa ya nyumbani ni hafifu.

"Na mkoba wa ngozi? Taa ndiyo iliyotengeneza mkoba wa ngozi?" Akasema ametembea asubuhi kumi na moja kumpata mwanamke yule. Kumi na moja! Kwamba alimwona mara ya kwanza hakuamini, akarudi siku ya pili akamkuta, na ya tatu. Kikebe kile hakikubuniwa. Kikebe kile ndicho insha nzima. Mkoba wa ngozi kila mtu angeubuni amekaa kitini kwake. Tayari alikuwa amerudisha yote kwa penseli. Kijivu. Chekundu. Kikebe.

Kumbe alinifuata siku kumi na moja. Nilihisi kama mtu aliyegundua mlango wake haujawahi kuwa na komeo.

Ningeweza kunyamaza. Nilifungua mdomo niombe radhi, badala yake nikafungua mkoba. Nikatoa kikebe nikakiweka juu ya karatasi zake, katikati ya ukurasa wa tano.

Alikitazama. Akanitazama mimi. Sikupata kutazamwa hivyo naye. Akakaa. Akasema, polepole sana, "Oh, mwanangu. Ni wewe."

Na alifurahi! Naapa. Uso wote uliwaka, kama mtu aliyekutana na rafiki bandarini. Akanishika mikono miwili. Akaniuliza je, inauma ikitoka? Huwa nawaza nini ile nukta, baina ya kuvua na kutia? Jioni ndiyo nafurahi zaidi au asubuhi? Tayari mkono wake mmoja ulikuwa unapapasa penseli.

Nikachomoa mikono yangu. Nikamwambia, Bibi, mimi nikisomwa kwenye chai ya saa tano nafukuzwa kazi kabla ya saa sita. Mume wangu hana kazi. Mama yake ana miaka sabini na moja. Hicho ndicho ninachowaza.

Akasema hakuna atakayejua, mji huu una watu milioni nane.

Nikamwambia ofisini kwetu wako ishirini, na wote wamekula peremende zangu.

Alikwenda dirishani. Akakaa huko. Akasema unaniomba nitoboe shimo katikati ya kitu pekee kizuri nilichoandika mwaka huu. Akasema kweli ni mali ya nani, Tranter, ya anayeiishi au ya anayeiona? Nikasema sijui, Bibi, mimi ni mpiga chapa, lakini pete ni yangu.

Akasema atafikiri. Karatasi zinarudi kiwandani Jumatatu. Jarida linatoka Ijumaa.

Nilichukua kikebe changu nikaondoka. Hakunipa kazi ya kuchukua nyumbani.


Jumapili, 8 Novemba

Mvua. Mama mkwe anasema nimekonda, anauliza kama kuna habari njema. Hakuna, Mama. Hakuna habari yoyote.


Jumanne, 10 Novemba

Bi. Pell hakunipokea. Mtumishi wake alinipa bahasha mlangoni. Ndani mna kikaratasi kimoja: "Karatasi zimekwenda. Nimefanya niwezalo. Usihofu. A.P."

Nimefanya niwezalo. Nini hicho? Umefuta au umeremba? Na "usihofu"! Mtu husema usihofu akiwa na vyumba viwili na mtumishi.

Sid kasoma mara nne. Anasema ni dalili njema. Kisha akasema lakini mwandishi akiandika maneno machache hivyo, mh.


Jumatano, 11 Novemba

Siku ya mashujaa. Saa tano kamili tulisimama wote kando ya taipureta kwa zile dakika mbili za kimya kuwakumbuka waliokufa vitani. Mji mzima ulisimama. Hata tramu. Kimya kile hukisikii siku nyingine yoyote ya mwaka, unasikia damu masikioni.

Na kikebe kikalia.

Kilikuwa mfukoni mwa sweta. Nilikuwa natetemeka, tangu Jumamosi natetemeka, na asubuhi kwa haraka yangu sikuifunga kitambaa. Pete juu ya bati. Tin, tin, tin. Nikabana mfuko kwa kiwiko. Tin. Enid akatupa jicho upande wangu. Nilimfikiria kaka yangu Walter, ambaye dakika zile ni zake, nikamwomba radhi kwamba hata leo sikuweza kumfikiria yeye peke yake.

Peremende hailii vile. Mtu yeyote mwenye masikio anajua peremende hailii vile.

Bi. Gathercole alikuwa mbele, mikono nyuma, ua jekundu la karatasi kifuani. Hakugeuza shingo. Lakini dakika mbili zilipokwisha na wote wakakaa, yeye alibaki amesimama kitambo, ananitazama mfukoni.

Hajasema kitu. Siku nzima. Kimya kingi kina mshindo.


Alhamisi, 12 Novemba

Sikuweza tena. Kutoka ofisini nikaenda mbio Red Lion Square. Nilitaka neno moja tu kinywani mwake, amefuta au hakufuta. Mtumishi akasema Bibi katoka kutembea. Wapi? Akanicheka. Dada, angekuwa anakwenda mahali isingekuwa kutembea.

Basi nikaanza kumsaka. London nzima, na mimi namtafuta mtu ambaye kazi yake ni kutokuwa na anwani! Nilijua njia zake, nimezichapa zote. Nikapita Holborn, watu wanamiminika kutoka maofisini, miavuli inanichokoa macho. Nikashuka hadi sokoni Covent Garden, maganda ya kabichi yanateleza. Duka la miavuli, wamefunga. Nikamwuliza muuza maua kama amemwona bibi mrefu, kofia ya kahawia, anatazama. Akasema, "Mama, wote wanatazama. Wanunuzi ndio sijawaona."

Nilimkuta karibu na Strand, ndani ya kichochoro kimoja. Nilimjua kwa mgongo. Nikafungua mdomo nimwite, halafu sikumwita. Nikarudi nyuma kidogo. Nikamfuata.

Sijui kwa nini. Nafsi ilisema, ngoja na wewe uone. Alitembea taratibu, mkono mmoja unagusagusa ukuta. Nikaweka hatua zangu kwenye hatua zake. Lo, kuna ladha fulani! Nilishtuka ilivyo tamu. Yule mbele hajui, na wewe unajua, na kila anachofanya kinakuwa chako.

Kisha akasimama, akadhani yuko peke yake, akafanya jambo.

Nimeliona lote. Lilichukua labda dakika mbili. Lingefaa insha, lingefaa kitabu. Sitaliandika. Hata humu, ambamo hasomi mtu. Ni lake.

Nilivua kofia, sijui kwa nini, kama wanaume wanavyofanya jeneza likipita, nikarudi nilikotoka. Sikumwuliza. Nimeondoka bila jibu langu, nimetembea hadi nyumbani kwa daraja langu la siku zote, na kwenye taa ya tatu nikavaa pete. Sid alikuwa amesimama pale ng'ambo, kwenye ngazi, kaja kunipokea. Hajawahi kufanya hivyo. Alisema alitaka kupaona.


Ijumaa, 13 Novemba

Naandika chumba cha makoti. Penseli. Saa tisa na dakika ishirini na tano. Nimesema tumbo linauma.

Niandike upesi.

Tarehe kumi na tatu, tena Ijumaa. Asubuhi mama mkwe alinitia chumvi mfukoni. Sikupita Westminster. Nikasema potelea mbali, la kuvunda halina ubani. Nimevua pete kwenye taa ya tatu kama zamani, mbele ya macho ya yeyote mwenye macho.

Saa tano chai ikaingia. Bi. Gathercole akafungua droo. Jarida, jipya, karatasi bado zinanuka wino. Akavaa miwani. Enid akavuta kiti akasema haya, leo Bi. Pell katembea wapi?

"Madaraja," akasema Bi. Gathercole.

Akasoma. Anasoma vizuri, sauti kavu, hapambi. Ukurasa wa kwanza, mto. Wa pili, mashua za makaa. Kila neno nalijua kabla halijamtoka. Nikaweka kikombe chini. Ukurasa wa nne, mwisho wake. "Na kati ya elfu hawa yuko mmoja." Akageuza karatasi.

Akanyamaza.

Sikuona macho yake, miwani iliwaka mwanga wa dirisha. Aliona nini pale? Koti la kijivu? La buluu? Shimo? Sijui! Hata sasa sijui. Alinywa chai, akameza. Chumba kizima kimetega. Akageuza karatasi nyingine, akaendelea, "Kufikia saa tatu daraja ni tupu, na mvua imepata nafasi ya kukaa."

Enid, mdomo hauna breki: "Bi. Gathercole! Umeruka! Huyo mmoja ni nani?"

"Ni tangazo, Bi. Sproat. Ukurasa wa tangazo la sabuni."

"Katikati ya insha?"

"Siku hizi wanaweka popote."

Akasoma hadi mwisho. Akalifunga jarida, akalitia droo, akazungusha ufunguo. Hajawahi kulifungia! Siku zote huliacha mezani tugombanie. Halafu akaja. Akatembea kati ya meza hadi kwangu, viatu vyake vinalia, akanyoosha mkono.

"Koo limenikauka kwa kusoma. Bi. Tranter, nipe peremende moja."

Miaka saba hajaniomba hata pini.

Nilimpa. Ningefanya nini? Mikono ilitoa yenyewe. Akakifungua kikebe karibu na kifua chake, mgongo kwa wenzangu, asione mtu ila mimi na yeye. Pete ilikuwa juu, wazi, nimechoka kuifunga vitambaa. Aliitazama kwa muda ambao Sid angeweza kupigia wimbo mzima. Kidole chake kikaisukuma pembeni, taratibu, kama mtu anavyomsogeza mtoto aliyelala. Akachukua peremende. Akafunga.

"Mnanaa," akasema. Kisha, kwa sauti ya kazi: "Saa kumi kamili, ofisini kwangu. Uje na kikebe."

Enid ananiuliza tangu hapo, amekuitia nini, amekuitia nini? Nimemwambia labda anataka ya pili.

Nimefikiria kila kitu. Kwamba atanifukuza kwa adabu, faraghani, ndiyo maana hakusoma. Kwamba hatanifukuza. Kwamba kuna ahadi atanidai, au swali, au anataka tu kujua, kama Bi. Pell, inauma ikitoka? Naweza kumwambia ni ya marehemu mama yangu. Ni uongo mzuri, ungepita. Nimeufanyia mazoezi kwenye kioo hapa, na nimeona mdomo wangu unakazika kama wa yule mwanamke wa vioo vya maduka.

Saa kumi kasoro dakika nane.

Anataka kikebe. Nitampelekea. Peremende kumi na moja, nimezihesabu.

Pete nimeivaa. Imekwama kidogo kwenye kiungo, vidole vimevimba kwa baridi, nikalamba ikaingia. Sijapata kuiona chini ya taa za ofisi hii. Ndogo. Ina mkwaruzo sikuujua.

Enid kagonga, kachungulia mlangoni. Anasema Tranter, Bi. Gathercole anakuulizia, na mbona mkono umeuficha —